Jenasi ya Chura Mmoja: Mhadhara juu ya Vyura Wadogo wa Milima ya Itombwe



Kama mlivyosikia katika tangazo, mazungumzo ya leo yanahusu vyura; tena si wale wanaopiga kelele usiku kando ya Ziwa Kivu na kutunyima usingizi sisi wakazi wa mtaa wa Ibanda mjini hapa, bali vyura wadogo wa misitu na nyasi za milimani, ambao wengi wao hawazidi sentimita mbili au tatu, na ambao mtu aweza kuwapita maisha yake yote, akienda shambani na kurudi, asijue kwamba amewapita. Aliyekuja akitaraji habari za gorila wa Kahuzi, ambao ulimwengu mzima umekwisha kuwapiga picha, namwomba avumilie. Kwa maana lau tutaipima nchi kwa vile vilivyomo ndani yake visivyopatikana penginepo, basi hao gorila wetu, pamoja na utukufu wao wote, wana ndugu zao walio hai upande wa magharibi hata karibu na bahari ya Atlantiki, ilhali baadhi ya vyura nitakaowataja hawana ndugu wa karibu popote duniani.

Nchi yenyewe ninayoisema si mbali. Msafiri anayeshuka kwa njia ya Kamanyola kwenda Uvira, mto Ruzizi ukiwa upande wake wa kushoto, huiona milima mkono wa kulia ikipanda daraja kwa daraja mpaka ikajifunika mawingu. Na yule atokaye kwa njia ya Walungu kuelekea Mwenga na Kamituga, akilaani utelezi na malori yaliyokwama, huizunguka milima hiyo hiyo kwa upande wa pili. Hiyo ndiyo Itombwe. Upande wa mashariki imekatika ghafula juu ya bonde na juu ya Ziwa Tanganyika. Upande wa magharibi hushuka polepole, bonde baada ya bonde, hata ikapotelea katika msitu mkubwa wa Balega. Na kilele chake cha Mohi hufika mita 3,475 hivi. Kuna msitu mnene chini, kuna mianzi juu yake, na juu zaidi kuna nyasi fupi za baridi ambamo ng'ombe hulishwa na vijito vidogo hupita vikiwa na maji ya kung'ata vidole.

Sasa nasema neno ambalo ndilo kiini cha mhadhara huu. Kati ya mwaka 1950 na mwaka 1960, muda ambao ni mfupi mno katika elimu ya viumbe, milima hii na jirani zake ilivipatia vitabu vya wanazuoni jenasi tatu mpya za vyura, na kila moja katika hizo tatu ina spishi moja tu mpaka leo. Ya kwanza ni Callixalus, iliyotangazwa mwaka 1950. Ya pili ni Chrysobatrachus, ya mwaka 1951. Na ya tatu ni Laurentophryne, ya mwaka 1960. Ningependa tukae kidogo juu ya maana ya jambo hili, kwa kuwa nimeona magazeti yakiandika "spishi mpya" na "jenasi mpya" kana kwamba ni kitu kimoja.

Spishi ina hoja yake katika maumbile yenyewe. Ukichukua vyura wa aina moja, dume humjua jike kwa umbo na jike humjua dume kwa sauti, wakazaa wana waliofanana nao, na walio nje ya mduara huo aghalabu hawaingii. Hata mtoto wa mchungaji anayekaa mlimani huona tofauti hii bila ya kufundishwa na mtu. Jenasi haina hoja iliyo wazi namna hiyo. Jenasi ni hukumu. Mwanachuoni huwaweka mezani wale wote anaowajua, huwatazama vidole, meno, mboni za macho, mifupa ya bega na ya fuvu, na katika zama zetu husoma pia maandishi ya chembe za urithi, kisha akasema: hawa wote ni wana wa babu mmoja, na huyu hapa, ijapokuwa anafanana nao kwa kumtazama juu juu, babu yake alitengana na babu yao zamani sana, hata haijuzu kumtia katika jina lao. Basi humjengea jina lake. Jenasi yenye spishi moja ni kama ukoo mkubwa wa zamani uliobakiwa na mtoto mmoja. Akifa huyo, hakuna mjomba wala shangazi atakayelichukua jina.

Na kwa kuwa jenasi ni hukumu, yaweza kukatiwa rufani. Mfano wa karibu ni chura aliyetoka katika misitu ya bonde la Kongo, ambaye mwaka 1979 aliandikwa kwa jina la Hyperolius robustus na kutiwa miongoni mwa vyura wa matete, kundi lenye spishi nyingi mno. Miaka zaidi ya 40 baadaye, wanazuoni wa Ucheki, Tadeáš Nečas na Václav Gvoždík na wenzao, pamoja na Gabriel Badjedjea wa Kisangani, waliyapima upya mambo yake, wakachunguza chembe zake za urithi na mifupa ya fuvu lake kwa eksirei, wakakuta kwamba kufanana kwake na vyura wa matete ni kufanana kwa waliovaa nguo moja tu, si kwa waliozaliwa nyumba moja. Mwaka 2021 wakamtoa humo na kumpa jenasi yake mwenyewe, Congolius. Naona fahari, na sifichi, kwamba jina la nchi yetu limo ndani ya jina hilo, na kwamba mmoja wa waliotia sahihi hukumu hiyo ni mtu wa nchi hii.

Aliyemwandika chura huyo mwaka 1979 ndiye yule yule aliyeziandika Callixalus na Chrysobatrachus ujanani mwake: Raymond Laurent, Mbelgiji, aliyezaliwa mwaka 1917 na kufariki mwaka 2005. Alifanya kazi katika Kongo na Ruanda-Urundi zama za ukoloni, akafundisha Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, kisha akahamia Argentina, mji wa Tucumán, akaendelea na vyura wa huko. Zama hizo ndizo serikali ya Kibelgiji ilipoanzisha, mwaka 1947, taasisi ya utafiti iliyojulikana kwa herufi za IRSAC, na makao yake makuu yakajengwa Lwiro, mwendo wa kilomita 45 hivi kaskazini ya mahali hapa tulipo, katika majumba ambayo kila mmoja wetu ameyapita akienda Katana. Leo ni Kituo cha Utafiti katika Sayansi za Maumbile, CRSN.

Sifa ya Laurent ilikuwa jicho. Katika nyasi za juu za Itombwe, kwenye mita 2,400 na zaidi, alimpata chura mdogo sana mwenye mgongo unaong'aa kama madini, akaona kwamba hawezi kumtia katika jenasi yoyote iliyokuwapo, akamwita Chrysobatrachus cupreonitens. Katika misitu ya mianzi ya milimani alimpata mwingine, mwenye madoa yaliyopakwa juu ya rangi ya giza, akamwita Callixalus pictus. Na wa tatu, chura wa msituni mwenye ngozi kavu kutoka Kiandjo, katika nchi ya Mwenga, alimwandika mwaka 1950, lakini hapa hakuthubutu. Alimtia katika jenasi ya vyura wa Kameruni, Wolterstorffina, akamwita parkeri.

Ilimbidi mtu mwingine aje kuitengua hukumu hiyo. Mwamerika Joseph Tihen alichapisha mwaka 1960 makala juu ya jenasi mbili mpya za vyura wa aina hiyo katika Afrika. Moja aliijenga kwa ajili ya chura wa Kiandjo, na kwa adabu njema akaiita Laurentophryne, kwa heshima ya yule aliyemtoa msituni. Ya pili aliiita Mertensophryne, na huyu ni chura mdogo wa upande wa pili kabisa, wa misitu ya pwani ya Tanganyika na Kenya, na wa Unguja. Mimi hustaajabu kila nionapo makala hayo mawili-katika-moja: mlima wetu na pwani ya Waswahili, umbali wa safari ya misafara ya zamani, vimekutana katika kurasa za mtu aliyekaa Marekani.

Naomba nikae kidogo na huyu ndugu wa pwani, kwa sababu habari zake zimejulikana vizuri, na zitatufaa tukirudi kwa wetu. Jina lake ni Mertensophryne micranotis. Arthur Loveridge, aliyepata kuwa mlinzi wa wanyama wa porini katika Tanganyika kabla ya kwenda Harvard, ndiye aliyemwandika kwanza, mwaka 1925, kutoka nchi ya Kilosa. Ni mdogo: milimita 24 hivi akiwa mtu mzima. Hukaa chini, katika majani makavu ya msitu, rangi yake ikiwa ndiyo ile ile ya majani hayo. Vyura wengine hutafuta kidimbwi au kijito ili watage, huyu hatafuti. Mvua ikinyesha, maji hukusanyika katika tundu la mti, katika kombe la konokono aliyekufa, hata katika kifuu cha nazi kilichotupwa na mtu. Na humo, katika maji yasiyojaza kikombe, jike huweka mayai yake. Dume na jike hukumbatiana tumbo kwa tumbo, si kwa mgongo kama desturi ya vyura, na mayai hutungwa ndani ya mwili wa jike kabla ya kutagwa, jambo ambalo ni adimu sana katika taifa zima la vyura.

Lakini ajabu hasa ni kwa viluwiluwi. Maji ya tundu la mti huoza upesi kwa majani yaliyomo, hewa ndani yake ikawa kidogo. Kiluwiluwi cha chura huyu kina kichwani duara la nyama laini lililoinuka kama taji na kuzunguka macho na pua. Kikipanda juu, taji hilo hugusa uso wa maji, kikaning'inia hapo mahali penye hewa. Mtu akiinama na taa kuchungulia ndani ya tundu, huona viduara vidogo vimetulia juu ya maji meusi, na akigusa gome la mti kwa kidole vyote huzama kwa pamoja. Mambo haya hayakutoka katika chupa za spiriti za Ulaya. Yalijulikana kwa sababu wako watu waliokaa pwani, karibu na misitu ile, wakarudi katika tundu lile lile la mti mvua baada ya mvua.

Tukirudi kwa Laurentophryne wetu, tunakuta nini? Tunakuta vielelezo vichache vya zama za Laurent, tunakuta maelezo ya mifupa na ngozi, na baada ya hapo kimya. Hakuna aliyeandika sauti yake, hakuna aliyeandika mayai yake, hakuna aliyeeleza kiluwiluwi chake. Jenasi nzima ya viumbe hai imo katika chupa, na jina lake limo katika kila orodha ya vyura wa Afrika.

Kwa nini mlima mmoja uwe na viumbe wapweke wengi namna hii? Jibu la wanazuoni, nami nalikubali kwa sehemu kubwa, ni kwamba milima iliyo kandokando ya bonde la ufa ilibaki na unyevu katika vipindi vya ukame vilivyopata bara hili, cha mwisho kikiwa kama miaka 20,000 iliyopita. Misitu ya tambarare ikapungua na kukatika vipande, lakini mawingu yaliyosukumwa juu ya miteremko hii yaliendelea kumwaga mvua. Waliokimbilia humo walisalimika, jamaa zao wa chini wakatoweka. Chura hawezi kuhama kama ndege. Ngozi yake ni nyembamba, jua likimkuta nyikani kwa siku moja amekufa. Kwa hiyo mlima uliozungukwa na nchi kavu ni kisiwa kwake. Nasema "kwa sehemu kubwa" kwa sababu jibu hilo halitoshi kueleza kwa nini Itombwe iwe tajiri namna hii kuliko milima mingine iliyopata mvua ile ile. Pengine ukubwa wa mlima, na kule kushuka kwake taratibu upande wa magharibi, uliwapa viumbe ngazi ya kupanda na kushuka hali ya hewa ilipobadilika.

Wala si vyura peke yao. Alexandre Prigogine, aliyefanya kazi katika migodi ya Kamituga na kuyatia mapenzi yake yote katika ndege, alipelekewa bundi kutoka Muusi mwaka 1951, ambaye mwaka uliofuata aliandikwa kuwa spishi mpya na kupewa jina lake, Phodilus prigoginei. Huyo bundi naye hakuonekana tena na mwanachuoni hata mwaka 1996. Tabia ya Itombwe ndiyo hiyo: humwonyesha mtu kitu mara moja, kisha ikafunga mlango.

Kufunga huko kwa mlango hakukuwa kwa maumbile tu, nasi sote tunajua. Uasi wa miaka ya sitini, kisha vita vilivyoanza mwaka 1996 na vilivyofuata, viliifanya milima ile kuwa mahali pa kukimbiwa au pa kukimbilia, wala si pa kutembea na taa usiku kutafuta vyura. Ndiyo maana nawataka mkumbuke jina la Chifundera Kusamba, mtafiti wa Lwiro, ambaye pamoja na Mwamerika Eli Greenbaum wa Chuo Kikuu cha Texas mjini El Paso walipanda milima hiyo tena katika miaka iliyokuwa bado na khofu. Mwaka 2012 wakachapisha habari ya kuonekana tena kwa spishi nne za vyura wa Itombwe, miongoni mwao wakiwamo Chrysobatrachus na Callixalus. Miaka 60 ilikuwa imepita tangu majina yale yaandikwe. Greenbaum ameyasimulia mengi ya safari zake katika Kongo katika kitabu chake Emerald Labyrinth, cha mwaka 2017. Nasema, bila ya kumpunguzia mgeni haki yake, kwamba safari kama hizo haziendi ila kwa mtu ajuaye ni mwami gani wa kumwendea kwanza, ni njia gani iliyofungwa juzi, na ni lugha gani ya kumsalimia mwenye bunduki. Na elimu hiyo haifundishwi Texas.

Wako wanaoniuliza, na swali ni halali: chura akitoweka, nani atakosa chakula? Naweza kujibu kwamba hula wadudu, na kwamba yeye naye huliwa na ndege na nyoka, lakini sitaki kumtetea kwa kumpa kazi ya kibarua. Nataka niwape habari ya mto Kihansi. Katika korongo la mto huo, Tanzania, iligunduliwa mwaka 1996 spishi ya chura mdogo azaaye watoto wazima badala ya mayai, Nectophrynoides asperginis, aliyeishi penye manyunyu ya maporomoko tu, eneo lisilofika hekta mbili. Bwawa la umeme lilipokamilika, maji yakageuzwa, manyunyu yakakatika. Vyura mia tano hivi wa taifa lile dogo walichukuliwa Marekani wakiwa hai. Waliobaki walipungua ghafula mwaka 2003, wakati ambapo kuvu lile linaloua ngozi za vyura ulimwenguni kote lilionekana kwao pia. Na mwaka 2009 ikatangazwa kwamba hayupo tena porini. Walizalishwa katika bustani za wanyama za Bronx na Toledo, na tangu mwaka 2012 wakaanza kurudishwa korongoni, penye mabomba ya kunyunyiza maji badala ya maporomoko. Ni gharama kubwa isiyosemeka, na ilifanyika kwa sababu Tanzania ilikuwa na wataalamu waliomjua chura huyo kabla bwawa halijafunguliwa. Lau bwawa lingetangulia kidogo, asingepatikana hata wa kumlilia.

Kuvu hilo limekwisha kuonekana katika vyura wa milima ya ufa wetu. Misitu ya Itombwe hukatwa kwa makaa na mashamba, vijito vyake hupinduliwa na wachimbaji wa dhahabu, nyasi zake hukanyagwa na ng'ombe. Nami sitawalaumu watu wa milimani, ambao hawana mishahara wala barabara, kwa kuishi kwa kile walicho nacho. Hifadhi ya Itombwe ilitangazwa mwaka 2006 kwa karatasi ya Kinshasa, na mipaka yake ikapangwa upya mwaka 2016 baada ya mashauri marefu na vijiji. Naona njia ile ya pili, ya kukaa na wazee na kuichora ramani kwa kidole udongoni kabla ya kuichora kwa wino, ilikuwa na maana zaidi kuliko amri ya kwanza, ijapokuwa ilichukua miaka 10.

Basi nawageukia wanafunzi wa biolojia, wa chuo cha ualimu cha ISP na wa vyuo vikuu vya mji huu. Vielelezo vya Laurent viko Tervuren, Ubelgiji, na mtu apataye nauli na aende akavione, kwani bila ya kielelezo cha asili hakuna hukumu. Lakini mayai ya Laurentophryne hayako Tervuren. Yako, kama yapo, katika msitu wa Mwenga. Mnayo simu inayoweza kurekodi sauti ya chura gizani kwa uwazi ambao Laurent asingeuota. Mvua za Septemba zikianza, atakayepata ruhusa ya wenyeji kupita nchi ya Kiandjo na asiishie kutazama vijito tu, maana huko wametazama wengi. Achungulie matundu ya miti yaliyojaa maji, na chini ya magome, na katika mianzi iliyokatwa. Akikuta kiluwiluwi, akitazame kichwani kwanza. Aandike mahali, urefu wa mlima, tarehe na saa, na jina la mtu wa kijiji aliyemwonyesha mti. Kisha alete Lwiro.